Mama Mukwe Asiyekubali Kukimbiwa

Kashikishi, 9 Agosti 1997

Kwa Tonton Dominique, Kilwa, ng'ambo ya ziwa

Tonton wangu muheshimiwa,

Kwa heshima yote ya mutoto wa dada yako, ninakuletea mashitaka juu ya Mama Olipa, mama ya Chilufya muchumba wangu. Ni wewe uliyenifundisha: kabla ya harusi, mukwe hatazami uso wa mama mukwe, hasemi naye, hamugusi. Mama huyu anaiharibu desturi yetu mbele ya watu.

1. Meza yake ya samaki iko karibu na yangu sokoni. Nikimuona, ninajificha nyuma ya magunia, kama inavyotakiwa. Badala ya kupita kwa adabu, anapaza sauti: «Weye Parfait, unakimbia nani? Kuya unibebee hiki kitunga cha samaki!» Soko nzima inacheka. Nilikibeba, Tonton, nikitembea kinyumenyume.

2. Nilimutuma rafiki yangu Hervé amupelekee salamu zangu. Akamufukuza: «Mukwe wangu ana kinywa chake!»

3. Hili ndilo limenivunja. Juzi alikuwa anashuka kwenye mutumbwi, akateleza, akaanguka ziwani. Nilikuwa pale peke yangu. Kumugusa ni mwiko; kumuacha azame nayo si adabu. Basi nikamugeuzia mugongo, nikamunyooshea kasia kwa nyuma. Akaivuta kwa nguvu za mama aliyezoea magunia, tukawa wawili ndani ya maji. Na ni yeye aliyenitoa, kwa kola ya shati! Akasema: «Mutoto, desturi yako haijui kuogelea.»

Kwa hiyo ninaomba uje umukanye. Akikataa, uombe serikali ihamishe soko la Kashikishi hadi Mwansabombwe, mbali na maji. Hilo nalo likishindikana, nitarudi Kilwa bila muke, nikae salama na desturi yangu.

Unisalimie muke wako Tantine Yolande, binti yenu Régine na watoto wake, na majirani wote walionikataza kuoa ng'ambo.

Ni mimi mutoto wako musikivu,
Parfait

P.S. 11 Agosti, barua ingali kwangu. Tangu jana Mama Olipa ana malaria. Chilufya alienda Nchelenge kutafuta dawa, nikabaki naye. Nilimunywesha uji kijiko kwa kijiko, uso kwa uso. Tonton, ana macho ya Chilufya kabisa, na hakuna mutu aliyekuwa ameniambia. Leo amepata nafuu. Usije kumukanya. Kuya tu kwa harusi, na ukifika umusalimie kwa mukono.