Yah: Ombi la Kubomoa Daraja la Sainte-Berthe

Réjean Brisebois,
Mkurugenzi Mkuu Mstaafu,
Nyumba ya Marehemu Mama, Ukingo wa Kusini,
Sainte-Berthe, Ontario.

Jumatatu, 18 Novemba

Kwa Katibu Mkuu,
Idara ya Vivuko na Madaraja Madogo,
Ottawa.

Mheshimiwa Katibu Mkuu,

Natumai barua hii itakukuta mzima, na kwamba theluji ya mwaka huu haijaanza kuwasumbua huko mjini. Huku kwetu imeanguka mara mbili na kuyeyuka mara mbili, jambo ambalo nalisifu, kwa sababu hata theluji inajua kwamba kitu kikubwa hakifanywi kwa mkupuo mmoja.

Huenda hunikumbuki, maana ulihamia idarani wiki tatu kabla sijastaafu. Niliingia kazini nikiwa karani wa masijala mwenye tai moja, nikatoka miaka thelathini na mitano baadaye nikiwa Mkurugenzi Mkuu mwenye ofisi ya pembeni yenye madirisha mawili. Siku ya kuniaga mliniletea keki ya karoti, na Bwana Fairweather wa kitengo cha mazingira akasimama na kusema, "Jamani, huyu mzee hata kifo kikija kumchukua atakiambia, kaa hapo kwanza, umeleta nakala tatu?" Watu walicheka hadi mmoja akapaliwa na keki. Mimi sikucheka. Nilichukulia kuwa ni shukrani.

Naandika kwa huzuni na kwa utaratibu. Nalalamikia kitendo cha mrithi wangu, Bi. Darlene Okrainetz, cha kuidhinisha daraja la waenda kwa miguu juu ya Kijito cha Fisimaji hapa Sainte-Berthe. Jalada la daraja hilo nililitunza mwenyewe kwa miaka ishirini na tisa. Yeye alilimaliza kwa dakika kumi na moja. Leo daraja limesimama, ni la mbao na chuma, na nalitazama hivi sasa kupitia dirisha la jikoni la mama yangu, ambako nimehamia baada ya kustaafu. Tangu lifunguliwe mwezi wa Septemba sijalikanyaga, na sitarajii kulikanyaga. Naomba libomolewe. Sababu zangu ni hizi:

1. Kasi. Habari nilizipata kwa simu kutoka kwa Bi. Solange wa masijala, mtu ambaye hajawahi kunidanganya. Alisema, "Bosi, kaa chini kwanza. Umekaa? Yule mama mpya kalifungua jalada lako leo asubuhi, kahawa yake haijapoa, kasaini. Kaniuliza tu, hivi watu wanavukaje sasa hivi? Nikamwambia hawavuki, wanazunguka. Akasema, basi. Akachukua kalamu."

Jalada lile lina juzuu kumi na nne. Niliuliza amesoma ngapi. Nikajibiwa kuwa amesoma karatasi moja tu, ile ya chini kabisa, yaani barua ya wanakijiji wenyewe. Mheshimiwa, barua ya mwombaji hukaa chini kabisa kwa sababu maalumu. Vyote vilivyolundikwa juu yake viliandikwa na watu wazima, wenye shahada, ili mtu asiifikie kwa pupa.

2. Kisanduku cha tatu. Kila dokezo linalopanda kwa Waziri huishia na visanduku vya kutia alama. Zamani vilikuwa viwili: Nakubali, na Sikubali. Ni mimi, nikiwa bado kijana kazini, niliyeongeza cha tatu: Tujadiliane. Sijisifu, lakini sijui uvumbuzi mwingine ulioleta utulivu mkubwa zaidi serikalini. Waziri akikubali, atalaumiwa. Akikataa, atalaumiwa. Akitaka kujadiliana, ameonekana anafikiri. Mawaziri kumi na mmoja walipita mikononi mwangu, wakorofi na wapole, mmoja wao hata alikuwa mhandisi wa madaraja, na wote kumi na mmoja walitia alama kwenye kisanduku cha tatu. Kisha tulijadiliana. Mjadala ulipokuwa karibu kuiva, Waziri alihamishwa, na dokezo likashuka tena mpaka kwa karani, likaanza safari upya kwa tarehe mpya na tafsiri mpya ya Kifaransa.

Bi. Okrainetz amekifuta kisanduku hicho katika idara nzima. Nilimpigia simu kumwuliza, kwa adabu, ni nani aliyemruhusu. Alinijibu, "Mzee wangu, kwetu Saskatchewan ukimkaribisha mtu kahawa, anasema ndiyo au hapana. Hasemi tujadiliane." Nikamwambia kahawa si daraja. Akasema, "Ndiyo maana watu wanapata kahawa." Nilikata simu kwa heshima.

3. Fisimaji. Kijito chetu kina wanyama hao wenye manyoya na mikia minene, na Bwana Fairweather aliwahesabu kwa miaka tisa ili daraja lisije likawavurugia maisha. Ripoti yake ya mwisho ilisema kwamba idadi yao ni kati ya wawili na sita. Ilikuwa kazi ya kutukuka. Sasa fisimaji hao wamehamia chini ya daraja lenyewe. Wanajianika asubuhi kwenye nguzo ya kwanza, matumbo juu, na wanaonekana kuridhika kabisa, wakati hatukuwa tumemaliza kuwashirikisha. Fairweather nilipomweleza aliuliza tu, "Ni wangapi?" Nilimsikitikia.

4. Uadilifu wangu. Hapa niwie radhi kwa kuingiza mambo ya nyumbani. Ombi la daraja lilitiwa saini na wanakijiji sitini na wanne, na jina la kwanza ni la Bi. Aurore Brisebois, mama yangu mzazi. Nyumba yake ni hii, kusini mwa kijito. Kanisa, posta, makaburi na nyumba ya dada yangu mkubwa Huguette viko kaskazini. Kwa barabara ni mwendo wa kilomita kumi na tisa. Mtu mwingine angelipitisha jalada kwa sababu ya mama yake. Mwingine angejitoa na kumwachia mwenzake. Mimi nilibaki nalo na sikulipitisha, ili asitokee mtu wa kusema kwamba Brisebois anapendelea watu wake. Na kweli hakutokea.

Kila Krismasi nilikuja hapa kula pai ya nyama, na mama aliniuliza, "Réjean, mwanangu, ile karatasi yangu imefika wapi?" Nilimjibu, "Mama, iko katika hatua nzuri." Basi ananiongezea kipande. Hakuuliza mara mbili katika Krismasi moja hata siku moja. Katikati ya kipupwe alivuka juu ya barafu na fimbo yake kwenda kanisani na kwa Huguette; barafu ilipoanza kulegea alikaa ndani, akawa anampungia binti yake mkono kutoka dirishani. Alifariki mwezi wa nne, barafu ikiwa imeshakwenda. Jeneza lake lilizungushwa kilomita kumi na tisa kulifikia kaburi ambalo asubuhi ile tulikuwa tukiliona kutoka jikoni tukinywa kahawa.

Huguette alinisubiri mlangoni mwa kanisa. Akasema mbele za watu, padri akisikia, "Umemzungusha hata leo. Haya, na mimi usinikanyagie kizingiti changu mpaka uje kwa daraja." Miaka kumi na sita imepita tangu siku hiyo. Tumekuwa tukitumiana kadi moja kwa mwaka, na zake zina sahihi tu. Inauma, sitaki kukuficha. Lakini niliichukua kuwa ndiyo bei ya kutopendelea, na nikaendelea na kazi. Leo anakuja Bi. Okrainetz, ambaye hana mama huku wala dada, anasaini kana kwamba miaka yote hiyo kilichokuwa kikihitajika ni kalamu tu.

5. Hakuna baya lililotokea. Hili ndilo lililonifanya nishike karatasi. Juzuu ya sita ina orodha ya hatari thelathini na saba niliyoiandika kwa mkono wangu: mafuriko, farasi kukwama katikati, ugomvi kuhusu lugha gani itangulie kwenye kibao, Kifaransa au Kiingereza, watu wa kaskazini kuhamia kusini kwa makundi, na kadhalika. Tangu Septemba nimekaa dirishani na daftari nikingoja. Sijapata hata moja. Watu wanakwenda kununua mkate na wanarudi na mkate. Padri amevuka na baiskeli yake akiimba. Kibao kina lugha zote mbili na hakuna aliyeshikana mashati. Jambo pekee lisilo la kawaida ni bibi mmoja mwenye skafu ya kijani, ambaye kila siku saa nne asubuhi hutoka kaskazini, hufika katikati ya daraja, hushika ukingo na kutazama huku kwangu kwa muda, kisha hugeuka na kurudi alikotoka. Nimemwandika chini ya "matumizi yasiyokamilika."

Sasa tufuate mantiki. Kama daraja halina madhara, tahadhari yangu ilikuwa ikizuia nini? Na kama haikuzuia kitu, yule aliyekuwa akiingia ofisini saa moja na nusu asubuhi kwa miaka thelathini na mitano alikuwa akifanya nini humo? Cheti changu cha utumishi uliotukuka nimekitundika mkabala na dirisha, na kila nikikitazama naliona daraja ndani ya kioo chake. Vitu hivi viwili haviwezi kukaa chumba kimoja. Kimoja lazima kishuke, na cheti kina sahihi ya serikali.

Kwa hiyo naomba iundwe Kamati ya Ubomoaji. Kwa kuwa kubomoa nako ni uamuzi mzito, kamati ianze na upembuzi yakinifu, isikilize wanakijiji wa pande zote mbili, na safari hii fisimaji wahesabiwe sawasawa. Niko tayari kurejea kazini kama Kaimu Mwenyekiti. Nakadiria kazi itachukua miaka kumi na mitano, na katika muda wote huo daraja libaki palepale lilipo, wazi kwa wapitaji, kwa sababu huwezi kuchunguza kitu ambacho hakipo.

Nisalimie Bi. Solange na masijala yote. Nisalimie Fairweather, umwambie asikate tamaa. Nisalimie yule mlinzi wa mlangoni, Desmond, aliyeniomba kitambulisho kila asubuhi kwa miaka thelathini na mitano bila kunitambua hata mara moja. Yule ni mtumishi wa umma wa kweli. Na kama mmea wangu wa dirishani bado uko hai, umwagilieni, lakini si kwa haraka.

Nabaki mtiifu wako, kwa sasa bila ofisi,

Réjean Brisebois

Nakala:
Waziri (kwa taarifa)
Bi. D. Okrainetz (kwa kujitafakari)
Masijala (iwekwe juu kabisa ya jalada, isiwekwe chini)

Nyongeza, Alhamisi, 21 Novemba. Barua hii ilikaa mezani siku tatu. Theluji ya tatu haikuyeyuka, barabara ya kuzunguka imefungwa, na kama nilivyotaja, posta iko kaskazini. Leo asubuhi nililazimika kuvuka kwa daraja ili niweze kulilalamikia. Nilishika saa. Ni dakika nne, pamoja na kusimama kidogo kuwatazama fisimaji.

Nyumba ya Huguette ndiyo ya kwanza ukishuka. Alikuwa nje na koleo akisafisha theluji mlangoni, ana miaka sabini na miwili na magoti yake hayafai, na shingoni amejifunga skafu ya kijani. Alinitazama mimi, akaitazama bahasha. Akasema, "Haa! Bwana Mkurugenzi! Miaka yote hiyo kwa safari ya dakika nne? Futa viatu." Nikafuta viatu. Ndani kulikuwa na pai ya nyama ya mama, namna ileile ya ukoko, na meza ina sahani mbili. Nikamwuliza anamngoja nani. Akasema, "Tangu Septemba naweka mbili, mjinga wewe. Nafika mpaka katikati nakutazama umekaa dirishani na daftari lako. Ulikuwa unangoja nikuandikie dokezo?" Nililia, Mheshimiwa, tena si kidogo, jambo ambalo naomba lisiingizwe kwenye jalada.

Kuhusu ombi langu la kubomoa, tujadiliane.

Wakati huohuo naomba benchi moja, la kawaida tu, katikati ya daraja, maana ndipo magoti ya Huguette yanapochoka, na kesho ni zamu yake kuja kwangu. Suala hili halihitaji kamati. Nimeambatisha dokezo la Bi. Okrainetz kutia alama, nimelichapa mwenyewe kwenye mashine ya zamani ya mama, baada ya kurudi na bahasha bila kufika posta. Lina kisanduku kimoja.