Malkia Aje Jumamosi Ambebe Somo Yake

Kwa Mhariri,
Kitabu cha Maana na Asili ya Majina ya Watoto
(toleo la nne, lile lenye picha ya mtoto mnene jaladani)

Ndugu Mhariri,

Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na wote wanaokusaidia kujua mambo. Huku kwetu mimi ni mzima na cherehani yangu ni nzima. Kilicho kibovu ni ukurasa wako wa tisini na sita, na ndiyo sababu ya kukusumbua.

Mimi ni fundi wa nguo, mjane, mama wa mtoto mmoja ambaye ni fundi wa majokofu. Mwanangu huyo alioa, akapata binti, na kwa adabu niliyomlea nayo akaja mpaka mlangoni kwangu kuniambia kwamba mtoto amepewa jina langu. Nililia hadi nikashona mkono wa gauni la mteja mahali pa shingo. Miaka yote nimekuwa nikiwasikia wenzangu wakiitana na wajukuu zao "somo" kwa sababu ya jina moja, nami natabasamu tu kama mtu aliye kwenye foleni. Zamu yangu ikafika. Kisha mkwe wangu akanunua kitabu chako.

Jina lenyewe sitaliandika humu. Nikiliandika kwa njia yangu utasema nimekosea, na kwa njia yenu mkono hauendi. Itoshe kusema kwamba mimi nina herufi tano, ila mjukuu wangu amesajiliwa kwa nane, zikiwemo mbili ambazo hazitamkwi, zimekaa tu kama wageni wasiojua kuaga. Wewe umeandika kwamba kwa tahajia hiyo adimu jina hili limetoka katika ufalme wa kale, kwenye milima ya barafu, na maana yake ni "malkia ang'aaye". Malalamiko yangu ni haya:

1. Barafu. Katika ukoo wetu barafu inayojulikana ni ile anayoikwangua mwanangu kwenye majokofu ya watu. Hatujawahi kuitawala.

2. Tabia. Umeandika kwamba wenye jina hili ni wapole, wasikivu, na hupenda muziki laini. Mhariri, mtoto huyu anauma. Amemuuma baba yake, amemuuma mchoma chanjo, ameuma na mguu wa meza yangu ya kukatia nguo, na alama zipo, njoo uone. Kuuma huko hakukutoka milimani. Mimi mwenyewe nilipokuwa msichana nilimuuma mng'oa meno, naye muda si mrefu akaacha kazi hiyo akaenda kuuza viatu. Mtoto wa nyoka ni nyoka, na nyoka mwenyewe ndiye anayekuandikia.

3. Rangi ya bahati. Ulisema manjano. Tangu siku hiyo mtoto havai kingine, na anayeshona ni mimi. Nikitoka naye barabarani madereva hupunguza mwendo, wakidhani kuna matengenezo mbele.

4. (Hili lingekuwa la kwanza, ila hasira ilinitangulia.) Wageni. Wakija kumwona mtoto huuliza amepewa jina la nani. Swali jepesi kabisa. Jibu limekaa palepale kwenye kiti cha kona, limeshika sinia la chai. Lakini mkwe wangu huinuka, akaleta kitabu chako, akawasomea habari za malkia kwa sauti ya mtangazaji wa redio. Wageni husema hongera sana, kisha hunigeukia mimi kuuliza kama sukari ipo. Inaniuma, Mhariri, sikufichi. Na mkwe wangu si mtu mbaya: huniletea dawa ya magoti bila kuombwa, na taa ya cherehani yangu ni yeye aliyeninunulia. Ila waliosema usiache mbachao kwa msala upitao walikuwa wanamwambia yeye, na yeye alikuwa anasoma kitabu.

5. Majukumu. Jina si pambo, lina kazi zake. Mtoto akiota meno, somo hubeba. Mtoto akikataa uji, somo hubembeleza, na nguo ikichanika somo hutia kiraka. Kila Jumamosi wazazi wake huwa kazini na mtoto huletwa kwangu. Kwa kuwa kitabu chako kimeamua kwamba somo yake ni malkia, basi naomba malkia aje Jumamosi ambebe. Kiti nimeshakifuta vumbi. Aje na nguo ya kubadilisha, maana mtoto hutema uji na uji hufika mbali. Lulu asivae. Taji aliache kwake, mtoto huvuta vya kichwani. Kama ameshafariki, na nahofia hivyo kwa kuwa ni wa kale, basi atume ndugu wa karibu mwenye mgongo imara.

Iwapo malkia hatapatikana, naomba ukurasa urekebishwe usomeke hivi: "Asili: bibi yake, fundi wa nguo, mlango wa kijani nyuma ya duka la matairi. Maana: mwanamke asiyependa kuharakishwa. Tabia: huuma."

Naomba pia wasichana wote duniani wenye tahajia hiyo waarifiwe kwamba walidanganywa, na kwamba somo yao ni mimi. Sina ubaguzi. Walete vipimo vya bega, kiuno na urefu, nitamshonea kila mmoja gauni la rangi yoyote isipokuwa manjano. Wakija wengi kwa pamoja nitaazima benchi kwa jirani. Na kwa kuwa jina ni langu, nadhani utakubali kwamba ule ufalme nao ni wangu. Ningeshukuru nikikabidhiwa kwa maandishi. Kuhamia sitahamia, kwa sababu ya magoti.

Nisalimie wachapaji wako, mfunga vitabu, na yule mtoto mnene wa jaladani, ambaye kwa sasa nadhani ana watoto wake.

Ni mimi,
Bibi na somo halali, herufi tano.

Nyongeza: Kabla sijafunga bahasha, dada yangu mkubwa amepita kunijulia hali. Nimemsomea barua hii, naye akacheka mpaka akaomba maji. Kumbe baba yetu hakunipa jina la mtu yeyote. Siku niliyozaliwa alikuwa amemnunulia mama kopo la poda, na jina alilisoma kwenye kopo. Dada hutunzia vifungo humo hadi leo. Amekwenda kwake akalileta. Herufi ni nane, zote zipo, hata wale wageni wawili. Karani aliyeniandikisha ndiye aliyepunguza, alikuwa anataka kwenda kula. Chini ya jina amechorwa mwanamke mwenye taji na gauni la manjano, na nyuma yake milima ya barafu.

Leo ni Jumamosi, na mtoto alikuwa mapajani kwangu. Amelichukua kopo, amemtazama malkia kwa makini, akamwekea kidole usoni akasema, "Bibi." Kisha akaling'ata.

Naomba usibadilishe chochote, Mhariri. Ila pale kwenye tabia, ongeza kwamba huuma.