Mashine ya Kushona Siku Iliyochanika

Jumatatu, 5 Machi 1979

Hakuna mwenye bahati kama mimi wilaya nzima ya Biharamulo! Naandika ili wajukuu wasije kubishana. Novemba, balozi wetu wa nyumba kumi, mzee Idefonsi, alitakiwa kutoa mtu mmoja wa kwenda vitani. Wenye afya tulikuwa wawili, mimi na rafiki yangu Gozbert. Ikapigwa kura ya maharage ndani ya kofia ya Gozbert. Jekundu uende, jeupe ubaki. Maharage nilileta mimi. Gozbert akatoa jekundu, mimi jeupe. Bahati tupu! Gozbert akavaa kofia yake iliyochanika bitana, akapanda lori.

Miezi miwili sasa hakuna barua. Mkewe, Marsiana, ana mimba kubwa na maneno machache. Nampelekea ndizi na kuni. Anashukuru bila kunitazama.

Nimegundua kosa. Siku ile ya kura imechanika! Wakati ni kitambaa, ukitoboka watu wanadondoka humo na barua zao. Nimefika Mwanza mara mbili, mambo haya nayajua. Natengeneza mashine ya kuushona.

Jumanne, 6 Machi

Mashine imesimama. Cherehani ya mkono ya mama Ernesta (nimeiazima kwa ahadi ya kuitia mafuta; mafuta sina). Dinamo ya baiskeli yangu. Waya za redio iliyokufa.

Imebaki saa. Kijiji kizima kina moja, iko ofisini, na mlinzi wake ni Malongo. Ndiye anayegonga ile rimu ya lori watu waende shamba la ujamaa. Katoka Shinyanga juzijuzi tu na tayari anajiona mwenye jua! Akauliza nashona nini. Nikasema wakati. Akacheka mpaka akashika nguzo. Akasema, Emilian, anza na suruali yako.

Tutaona.

Jumatano, 7 Machi

Asubuhi mvua na wingu zito, jua hakuna. Malongo akaenda kukamua ng'ombe wake. Nikaingia ofisini, nikafunga waya kwenye saa. Ilisema saa tatu. Nikairudisha mpaka saa moja, saa ile ile ya kura. Nikazungusha cherehani. Cheche! Moshi! Sindano ikakatika. Nikatoka kama mshindi.

Ee Mungu wangu.

Sikujua kwamba jana jioni ililetwa habari: lori la majeruhi litapita barabarani saa nne, Malongo agonge rimu, ndugu waende na chakula. Malongo akagonga saa nne. Saa nne yangu! Wakakimbia na vikapu, Marsiana mbele na tumbo lake. Wakakuta alama za matairi zimejaa maji. Mama Ng'washi, mchunga mbuzi wa pale, akasema lori lilisubiri, likachoka. Askari mmoja alikuwa akiita Marsiana, Marsiana. Wanalala Nyakanazi, kesho asubuhi wanapelekwa mbali, yeye hajui wapi.

Marsiana akaketi kwenye tope. Malongo akaiangalia saa, akaniangalia mimi. Hakucheka.

Alhamisi, 8 Machi

Tuliondoka alfajiri, Marsiana kwenye keria, mimi nakanyaga. Tope mpaka kwenye ekseli. Mlimani nikasukuma. Nikamsimulia habari za Mwanza ili kumchangamsha. Akaniambia, shemeji, nyamaza usukume. Halafu akasema tukimkosa, nisirudi naye, atarudi kwa miguu.

Pancha. Nikasukuma hivyo hivyo, tairi linalia. Nyakanazi tunaiona, na lori tunaliona, injini inawaka! Nikatupa baiskeli, nikasimama mbele ya lori, mikono juu. Dereva akanitukana ukoo mzima, mpaka kwa bibi. Sikutoka.

Gozbert alikuwa juu, kwenye majani. Mguu wa kushoto umeishia gotini. Marsiana akapandishwa, akamshika uso. Niligeuka kuangalia milima.

Gozbert akaniita. Akavua kofia, akaingiza kidole kwenye bitana, akanitolea haragwe. Jekundu. Akasema alilikuta ng'ambo ya mto Kagera, akitafuta chawa, na kwamba amelala nalo usiku mwingi. Akaliweka kiganjani mwangu, akanifunga vidole kimoja kimoja. Akasema, chukua mbegu yako, ndugu yangu.

Marsiana alikuwa anatazama.

Jumapili, 11 Machi

Mama Ernesta anadai cherehani yake. Mzee Idefonsi kanipa adhabu, mwezi mzima nigonge rimu, Malongo akinisimamia kama ndama.

Lakini kosa la mashine nimelijua! Haikuwa na kitu cha siku yenyewe. Sasa haragwe ninalo. Nikiliweka chini ya sindano mpya, itashona. Na Gozbert akirudi nitamtengenezea mguu wa dinamo, awashinde ng'ombe wa Malongo mbio. Leo kwenye pombe ya rubisi jirani yangu Nshoma aliniuliza habari za kura. Nikamjibu kwamba mimi nilizaliwa na bahati. Kinywa kilisema chenyewe.

Humu daftarini hakuna Nshoma. Sikuwa na bahati yoyote. Kofiani niliweka maharage mawili, yote mekundu. Jeupe lilikuwa mkononi mwangu tangu nyumbani.