Nyumba ya Ndani ya Telefone Haina Paa

Jumatatu, tarehe 3 mwezi wa tatu, 2025

Emérence ametoka! Binti yangu, kitinda mimba wangu, ametoka Goma na mtoto wake Jemima, wiki tano baada ya vita kuingia mjini mwao. Amepiga simu kutoka Beni. Amepata nafasi juu ya lori la maharagi. Mungu akipenda, Jumamosi wako hapa Kisangani, kwangu Mangobo.

Nimelia kidogo. Nimepangusa uso. Nimeenda kuangalia chumba cha nyuma.

Chumba ni kibaya. Niseme ukweli, daftari ni langu. Bata wanne wanalala mle tangu marehemu mume wangu anitoke. Ukuta umevimba. Mabati ya juu yametoboka kama kichungi, ukisimama katikati unaona mawingu yanapita. Na Jemima ana miaka minne na kifua kinachopiga filimbi. Mtoto yule halali penye maji.

Philomène ameshasikia. Huyu ni jirani yangu, mwanamke wa Butembo, anauza maharagi na unga, kila dereva wa lori ni shemeji yake. Habari zangu anazipata kabla yangu. Amesema niwalete kwake, ana chumba kikavu. Nimemshukuru. Nimekataa. Emérence apite mbele ya mlango wangu aende kulala kwa Philomène? Wamama wa parokia wataongea mpaka Pasaka.

Sina wasiwasi. Mimi nina telefone.

Exaucée, mjukuu wangu anayesoma mambo ya sheria, aliniachia telefone yake ya zamani. Ndani mna mchezo wa kutengeneza nyumba. Wanakupa nyumba iliyooza, unaiangalia kutoka juu kama ndege, na pembeni kuna liste ya kazi. Fagia. Kwangua. Paka rangi. Tundika pazia. Maandishi ni ya Kifaransa, na mimi herufi nilijifunza parokiani nikiwa na miaka sitini na moja, kwa Kiswahili. Haidhuru, kila kazi ina picha yake. Unagusa, kazi inaisha, alama inakaa pembeni, kengele inalia. Ile alama! Sijaona kitu chenye heshima kama ile. Miaka arobaini nimefua na kupika, nani aliniwekea alama?

Nimemaliza nyumba kumi na tisa. Chumba kimoja cha bata kitanishinda?

Jumanne, tarehe 4

Nimeandika liste. Kazi kumi na moja, kama telefone inavyozipanga. Ujanja wake naujua: unaanza na kazi ndogo, alama zinapanda upesi, moyo unapata nguvu, halafu zile kubwa zinaanza kukuogopa.

Bata nje. Alama. Kufagia. Alama. Kutundika pazia, lile la maua mekundu. Alama. Dirisha bado ni tundu tupu, lakini pazia lina namba yake na dirisha lina yake, sichanganyi. Chombo cha maua juu ya meza. Meza haipo, nimekiweka juu ya ndoo iliyogeuzwa. Alama. Kabla ya saa sita kazi nne zimekwisha, mpaka jioni zimekuwa tisa. Mtu angesema tuko Kinshasa.

Philomène amechungulia juu ya ua unaotutenganisha. Ameuliza: na kule juu je? Nimemwonyesha telefone. Nyumba kumi na tisa, hakuna hata moja yenye paa. Mapaa wameyaondoa ili mtu aone vizuri ndani. Kazi ya paa haiko kwenye liste yoyote, na wale waliotunga mchezo ni watu waliosoma. Philomène amecheka mpaka akashika ua kwa mikono miwili. Kisha ameacha kucheka. Ameniambia polepole kwamba dereva aliyefika leo amekuta mvua njia nzima, kutoka Mambasa mpaka hapa.

Bon. Nimeongeza namba kumi na mbili: kutoa mabati mabovu. Si kwa sababu yake.

Umeme hakuna tangu Jumapili, na maji ya mto Tshopo, yale yanayotengeneza umeme, tunayasikia yananguruma pale pale. Nimepeleka telefone kwa Célestin mwenye jenereta. Nimekaa naye mpaka ilipojaa. Siiachi peke yake.

Jumatano ya Majivu, tarehe 5

Nimepata akili kubwa leo. Kanisani! Padre ananipaka majivu, nayo ikashuka.

Shida ya kazi za hapa kwetu ni sufuria. Ukimwita mtu akusaidie ukuta au paa, lazima umpikie. Na si chai tu. Anataka lituma, ndizi zilizopondwa vizuri, na samaki pembeni, na awe wa kwanza kuosha mikono. Usipopika, anakaa na nyundo yake anaitazama. Hiyo ni siku nzima ya jikoni, na jikoni haipo kwenye liste. Fundi wa telefone hali.

Alors. Leo Wakatoliki wamefunga. Na Waislamu wako kwenye Ramadhani, wameanza juzi juzi tu. Mwaka huu Mungu amewafungisha wote pamoja! Papa Timothée, fundi wa kupaka chokaa, ni wa parokia yetu. Papa Amisi, seremala, ni mtu wa Maniema na wa msikiti. Nikiwaita leo, nani atauliza lituma?

Nimewaita. Wamekuja saa mbili. Nimekaa kwenye kiti na daftari, nimewasomea kazi zao. Papa Timothée amesifu mwandiko wangu. Ni mtu mwenye macho mazuri.

Saa saba mambo yamelegea. Papa Timothée amekaa chini, brashi mkononi, anaungojea ukuta ujipake. Papa Amisi, kule juu, ameshika bati moja kwa muda mrefu kama anaagana nalo. Nimewaambia wafanye haraka, alama zinangoja. Papa Amisi amenijibu kwa adabu:

“Mama Françoise, mie niko nafunga kwa ajili ya Mungu. Haiko kwa ajili ya liste yako.”

Nimeliandika neno hilo kwa sababu ni zuri. Sikulielewa sana.

Lakini wamemaliza. Chokaa: alama. Dirisha: mbao zimewekwa, alama. Kutoa mabati mabovu: alama. Yalikuwa mabovu yote, basi yametoka yote. Papa Amisi ameuliza mapya yako wapi. Nimeangalia liste. Imeandikwa kutoa. Kuweka haijaandikwa. Kumi na mbili juu ya kumi na mbili, mia kwa mia! Ingekuwa telefone, kengele ingelia na vikaratasi vya rangi vingemwagika.

Jua likizama, Philomène amewaita wote wawili wafungulie kwake. Nimesikia vijiko. Nimesikia wanacheka. Mimi nimesimama mlangoni pa chumba changu. Cheupe. Pazia jekundu. Maua. Na mbingu yote juu. Kama kwenye telefone kabisa. Sijawahi kuona chumba kizuri hivi.

Alhamisi, tarehe 6

Mvua.

Imeanza saa tisa ya mchana. Chokaa imeshuka ukutani kama maziwa. Pazia limejinyonga. Bata wamerudi wenyewe, wanaogelea. Chombo cha maua kimesimama palepale juu ya ndoo yake, kimejaa, hakikutetereka. Nakisifu.

Mvua ikiwa bado inapiga, Emérence amepiga simu. Wako Bafwasende. Lori lilizama kwenye tope siku mbili, sasa limetolewa. Sauti yake ni ndogo, kama ya mtu anayeongea ndani ya nguo. Nyuma yake nimemsikia Jemima. Kile kikohozi cha filimbi. Emérence ameniuliza jambo moja tu:

“Mama, chumba iko tayari?”

Nimesema iko tayari. Nimesema mia kwa mia.

Kisha nimekaa juu ya ile ndoo. Mimi nasema mabaya ya watu, naiba ndimu za parokia, lakini mtoto wangu simdanganyi. Donc lazima iwe kweli kabla ya Jumamosi.

Liste mpya. Kazi ya kwanza naijua, hata bata wanaijua: kumwomba Philomène. Yeye ana mabati. Jiko lake aliliezeka upya Krismasi, mabati mazima yanayong'aa mpaka barabarani, na anajua wapi pa kupata mengine. Lakini hiyo ni kazi kubwa. Shingo yangu haijazoea kuinama upande ule wa ua. Na kazi kubwa zinakaa mwisho, huo ndio mpango. Nimeiandika namba tisa.

Ijumaa, tarehe 7

Nimeamka mapema. Bata nje tena. Kumwaga maji. Kuanika pazia. Kuanika daftari. Kusugua ndoo. Alama, alama, alama. Saa saba nimefika namba nane, kubadilisha maji ya maua. Nimeyabadilisha mara tatu. Nimeona bado yana uchafu.

Nikianza mara ya nne nimesikia nyundo.

Nimechungulia juu ya ua. Papa Amisi ametoka msikitini, yuko juu ya jiko la Philomène, anang'oa mabati. Yale yale ya Krismasi. Philomène yuko chini anayapokea. Papa Timothée anayapitisha juu ya ua, kuja kwangu. Hakuna aliyeulizwa kitu. Hakuna karatasi. Kazi zote ziko kichwani mwa yule mwanamke kama beseni la maharagi: huyu apande, yule ashike, misumari iko kwenye kopo la maziwa, na hakuna hata punje inayoanguka. Niseme ukweli. Nimesahau kukasirika. Nimekaa nikimwangalia kama mtu anayeangalia ngoma.

Nimemuuliza jiko lake sasa atafanyaje. Hakugeuka hata.

“Yaya, jiko haina kifua,” amesema, ananiita dada mkubwa hata akinituma. “Acha ile kalamu, ukuje ushike ngazi.”

Nimeshika ngazi. Nimeishika mpaka mikono imekufa ganzi. Na walipofika kwenye misumari ya mwisho nimeingia jikoni kwangu bila kutumwa na liste yoyote, nimeponda ndizi, lituma sufuria nzima, na samaki wa moshi kwa sababu ni Ijumaa ya Kwaresima. Jua limezama, Papa Amisi amefungua kwa maji na tende, tumekula wote kwenye sinia moja. Amejipakulia mara tatu. Amesema liste yangu ya leo ni tamu. Philomène amesema chumvi imepungua. Haikupungua.

Namba tisa, kumwomba Philomène: amekuja mwenyewe. Basi imefanyika. Alama.

Jumamosi, tarehe 8

Siku ya wanawake. Mtaani kwetu hatukucheza, kwa sababu ya vita.

Saa kumi wamefika. Toleka mbili, baiskeli za abiria, zimeingia kwenye parcelle yangu, zimejaa tope mpaka kwenye kengele. Kwenye moja Emérence. Kwenye nyingine Jemima na sufuria. Basi. Nyumba ya miaka tisa kule Goma, na kilichobaki ni sufuria. Nimemshika mtoto wangu uso, nimemkemea kwa kukonda, nimemkemea kwa viatu, nimemkemea mpaka nikaishiwa na maneno. Halafu sikumwachia.

Jemima amewaona bata, amecheka, amelala hapo hapo mikononi mwangu.

Tumemlaza. Mvua imerudi, nzito, inapiga mabati kama watu mia wanapiga makofi. Tumesimama wawili katikati ya chumba. Hakuna tone. Emérence hakuangalia pazia. Hakuangalia maua. Ameangalia juu, kwa muda mrefu, akalia, akauliza nani ametengeneza paa.

Nimempa daftari. Alama zote ziko pale. Amesoma ukurasa, amegeuza, amesoma tena, ameuliza mbona kuweka mabati hakujaandikwa popote. Nimemwambia ametoka mbali, akapumzike. Upande wa pili wa ua Philomène amekohoa, na yule hana ugonjwa wowote wa kifua.

Jumapili, tarehe 9

Jemima amelala mpaka misa ya pili. Filimbi imepungua.

Tumetoka kanisani, mvua bado. Nimechungulia juu ya ua. Philomène anapika pondu, majani ya muhogo, katikati ya jiko lake lisilo na kitu juu, mwiko mkono huu, mwavuli mkono ule. Kwa mwavuli anaifunika sufuria, yeye mwenyewe analowa. Hajalalamika. Amenisalimia.

Moyo umeniuma. Mwanamke kama huyu haachwi hivi. Ameokoa mjukuu wangu bila hata alama moja! Nimeamua: jiko lake nitalitengeneza mimi. Na nitalitengeneza kwa mpango, si kwa kelele kama walivyofanya kwangu.

Telefone ina chaji. Nimeangalia nyumba ya ishirini, ile yenye jiko. Ni nzuri sana. Nimeandika liste, kazi kumi na tano, mwandiko wangu umenyooka kuliko wa wiki iliyopita. Paa lipo, namba kumi na tano. Emérence ameniomba niliweke namba moja. Bado amechoka na safari, sikumjibu kwa ukali. Papa Amisi nitamwita tukifika huko. Ramadhani bado inaendelea, hatadai lituma.

Nimeanza leo leo. Nimevuka ua, nimeweka chombo cha maua juu ya meko yake, kando ya pondu.

Alama.