Chama cha Wachoraji wa Nyakati Chafika Igamba

Kuna watu Mungu amewapa mkono wa kazi, wao wakaukalia wakatumia mdomo. Habibu wa Tunduma ni mmoja wao. Alikuwa akichora simba kwenye matela ya malori yanayongoja kuvuka kwenda Zambia, na simba wake walikuwa na kucha kweli. Lakini siku moja, akiwa Vwawa kununua rangi, alimsikia bibi wa Igamba akimuuliza mpiga picha kama anaweza kumkuzia picha ya marehemu baba yake.

"Ilete, bibi."

"Hajawahi kupigwa. Ndiyo maana nimekuja."

Mpiga picha akacheka. Habibu hakucheka. Aliona vitenge viwili vipya alivyovaa bibi, akamfuata nje.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba."

"Hao wa kamera wanapiga kilicho mbele yao tu. Sisi Chama cha Wachoraji wa Nyakati tuna mwanachama ndani ya kila mwaka uliopita, tangu enzi za Mjerumani. Nikimwandikia mwenzangu wa mwaka hamsini na saba, anamfuata mzee wako kwake, anamkalisha, anamchora. Picha inanifikia mimi."

"Kwa njia gani?"

"Siri ya chama."

"Na huyo mwenzako anajua Kinyiha?"

"Kama maji."

Bei ilikuwa magunia mawili ya kahawa kavu. Bi Atuganile, ndilo jina la bibi huyo, alikubali bila kupunguza hata kilo, jambo ambalo lingemshtua mtu mwenye akili. Akaeleza pua ya baba yake na kovu la kwenye nyusi, ili mchoraji wa zamani asikosee nyumba.

Wiki iliyofuata Habibu akafika Igamba kwa pikipiki ya kukodi, picha imefungwa kwa shuka. Mibuni ya bibi ilikuwa imeiva, nyekundu mpaka chini, na vijana wa kijiji karibu wote walikuwa mpakani wakitafuta vibarua. Habibu aliyaona hayo yote akayahesabu kuwa mandhari.

Sebuleni aliketi mtendaji wa kijiji na chai yake. Bibi akaitazama picha mpaka chai ile ikapoa.

"Ndiye. Pua yake hii. Na nyuma yake kahawa imeiva. Mwezi wa saba huo?"

"Wa saba, mama. Umeona ustadi?"

"Alimkalisha siku ngapi?"

Habibu akajivuna. "Tisa. Chama chetu hakilipui kazi."

Bibi akaiweka picha chini, akajifuta jicho. "Mtendaji, umesikia. Siku tisa za mavuno! Mwaka ule kahawa ya baba iliozea mitini. Mama akamnunia mpaka kaburini, akidhani alikuwa kwa mwanamke. Kumbe aliketishwa na hawa."

Mtendaji akafungua daftari. "Kijana, chama hicho ni chako?"

Pikipiki ilikuwa imeshaondoka. Habibu akapima: akisema ndiyo, ana deni, akisema hapana, ni tapeli, na mtendaji ana namba ya polisi.

"Ni changu," akasema, kama mtu anayemeza kidonge bila maji.

"Basi chama kitarudisha siku tisa," bibi akasema. "Kapu lile pale, mwanangu. Chuma nyekundu tu."

Akachuma. Kahawa iliyochumwa leo humenywa leo, kwa hiyo jioni alizungusha mashine mpaka mabega yakalia. Siku ya tatu, kwenye mstari wa pili, akakutana na mwanamume mwenye viatu vya mjini.

"Wewe umeletwa na nini?" akanong'ona.

"Dhahabu ya kutoka Galula," akajibu yule, aliyeitwa Zebedayo. "Nilimwambia bibi ukiifukia shambani inazaa. Akasema sawa, nikae niilinde mpaka izae."

"Sasa mbona unachuma?"

"Anasema haizai penye kahawa isiyochumwa."

"Na yule kule mwisho?"

"Dawa ya kuotesha nywele. Usimsemeshe, ana hasira."

Siku ya nne Bi Atuganile akapita kati ya mistari, akachungulia kila kapu, akatoa mbichi moja ya Habibu na kuitupa bila neno.

"Mnachuma vizuri, wanangu. Mimi naenda Tunduma mara moja. Nasikia kuna kijana anageuza karatasi kuwa hela, na ile robo ya juu ya shamba bado haijaguswa."

Habibu alimjua kijana huyo. Walikuwa wakila sahani moja. Akafungua mdomo, akaitazama robo ya juu, mti baada ya mti, mpaka kilimani.

"Anaitwa Shaban, mama," akasema. "Yuko kwenye maegesho ya malori. Ana mabega mapana."