Gololi za Bwana Kitaoka

Jumatatu, 9 Julai 1984. Moroni.

Habari kubwa ofisini. Kuna nafasi moja ya kwenda Japani, miezi sita, kusomea barafu na uhifadhi wa samaki. Waliopendekezwa ni wawili, mimi na Rachadi. Atakayekosa atabaki Mutsamudu, kisiwa cha pili, kumsaidia Bwana Kitaoka, fundi wa Kijapani anayetengeneza mtambo wa barafu pale bandarini. Mkurugenzi kasema tutakwenda sote wawili kwa siku kumi, na Bwana Kitaoka mwenyewe ndiye atakayechagua.

Lazima niende mimi. Sababu naiandika hapa kwa kuwa hapa hapasomwi: natumia Kiswahili nilichokulia Unguja, kwa herufi za kizungu, na mama mkwe, Bi Saandia, anasoma za Kiarabu tu. Ni hivi. Miaka kumi na moja nakaa bangweni, kwenye mabenchi ya mawe mbele ya msikiti wanapozungumza wanaume wa mtaa, na sijaulizwa swali hata moja. Ndoa kubwa, ile ya kulisha mtaa mzima ndipo mtu ahesabiwe mkubwa, sijafanya, kwa hiyo nakaa mwisho wa benchi na kuitikia. Ila aliyesafiri huulizwa. Unguja hakuhesabiwi, nusu ya mtaa wametoka huko. Lakini Madi alifika Marseille, akaugua mwezi mzima asitoke chumbani, na mpaka leo anaulizwa habari za Ulaya. Nataka na mimi niulizwe. Inaniuma kuliko ninavyoonyesha.

Hakima, anayepiga taipu, kanidokeza: huyo Mjapani ana mchezo wa kwao ukutani, anaucheza kila alasiri. Unaitwa pachinko. Nitaujua mchezo huo, naye hatakubali kuondoka duniani kabla hajanifikisha kwao. Rachadi kaazima spana na kununua daftari. Maskini Rachadi.

Jumatano, 11 Julai. Mutsamudu.

Ndege mpaka Ouani, kisha teksi. Nimefikia kwa dada yangu Anziza, mtoto wa mama mkubwa. Kanipa chumba cha mbele na kuniuliza kwa nini nimekonda. Mke wangu asisikie.

Alasiri kwa Bwana Kitaoka, chumba juu ya duka la vitambaa. Mtu mwembamba, mpole, Kifaransa chake cha polepole kama changu. Mashine ni sanduku la mbao lenye kioo, na ndani yake misumari midogo mamia kwa mamia. Unatia gololi ya chuma, unafyatua mkono ulio upande wa kulia kwa kidole gumba, gololi inaruka juu kisha inateremka ikigongagonga misumari. Ikiingia kwenye tundu, kengele inalia na gololi kumi na tano zinamiminika. Isipoingia, imekwenda. Alinipa thelathini. Zilikwisha kabla chai haijapoa.

Kasema nisitumie nguvu, nisikilize. Nimesikiliza. Nilichosikia ni nyundo ya Rachadi bandarini.

Alhamisi, 12 Julai.

Nimeazima gololi kumi na mbili za kufanyia mazoezi. Mwenyewe sijamwambia, nitazirudisha. Ubao nilipata jikoni. Nikapigilia misumari themanini na tisa kwa kufuata mchoro wa kichwani mwangu, nikauegemeza ukutani, nikafyatua kwa kijiko mpaka adhuhuri. Maendeleo mazuri sana.

Kumbe ubao ule ndio anaokandia unga Anziza, alioachiwa na mama yake. Hakugomba. Aliutazama tu, akauliza kama kwetu Ngazidja watu hula mikate yenye matundu. Nimeshinda nang'oa misumari. Kidole gumba kimevimba, na ndicho cha kuchezea.

Jumamosi, 14 Julai.

Nilihitaji siku moja na Bwana Kitaoka bila Rachadi kuingia na maswali yake ya mabomba. Nikatunga uongo mdogo: nikamwambia Rachadi kuna kifurushi chetu uwanja wa ndege wa Ouani, asiondoke bila kukipata. Akaenda. Nikasugua mikono.

Alirudi saa tisa na kifurushi. Kilikuwepo! Kipuri cha mtambo, kimekaa ghalani miezi miwili, na Bwana Kitaoka alikuwa amekwisha kata tamaa. Alimshika Rachadi mikono yote miwili. Mimi nilikuwa nimesimama pembeni na gololi mdomoni, maana nilikuwa nazipasha joto zipate kuteleza. Nilishindwa hata kupongeza.

Jumapili, 15 Julai.

Leo nimegundua jambo, na kama si upumbavu wa siku zote hizi ningeligundua mapema. Nilifika kabla ya wakati wangu. Mlango ulikuwa wazi. Bwana Kitaoka alikaa peke yake, uso ukutani, hasemi, hatikisiki, kidole tu kinafyatua. Saa nzima. Hivyo ndivyo alivyokaa baba mwaka aliokufa mama. Mtu huyu ana majonzi! Yuko mbali na kwao, hana ndugu, anazungumza na misumari. Na sisi tunamwacha hivihivi, mji mzima, watu wazima na dini zetu.

Machozi yalinitoka ngazini. Kisha nikakumbuka pia kuwa mfariji hupendwa.

Jumatatu, 16 Julai.

Kabla ya kuleta watu nilitaka uhakika kuwa mchezo si kamari. Nikamwendea Fundi Zoubeir, mwalimu wa chuo cha Kurani nyuma ya nyumba ya Anziza; huku walimu wa dini ndivyo wanavyoitwa, fundi. Akauliza, mtu akishinda anapata nini. Nikamwambia gololi. Akauliza, gololi hizo hufanyiwa nini. Nikamwambia huchezewa tena. Akafikiri sana. Akasema hapo haoni kamari, anaona alasiri inapotea tu, lakini ni vyema akaona kwa macho yake asije akahukumu kwa kusikia.

Jumanne, 17 Julai.

Tulikwenda tisa. Fundi Zoubeir, Anziza na jirani zake wawili, mwenye duka la vitambaa, na wengine waliotuona njiani wakafuata. Mikate, chai, sinia la ndizi. Bwana Kitaoka aliinama mara tisa, kwa kila mtu mara yake. Fundi alifyatua gololi moja, ili ajue anachohukumu. Kengele ikalia. Mimi nina siku ya saba na sijailiza. Fundi akafyatua nyingine thelathini na tano ili ahakikishe.

Mwenyeji wetu alishukuru kwa unyenyekevu mkubwa, akasema amekumbuka kazi, akaenda mtamboni mpaka magharibi. Nguvu zimemrudia. Nimefurahi sana.

Alhamisi, 19 Julai.

Jana tulikuwa kumi na saba. Bwana Kitaoka alikuwa ameondoa viti, nadhani ili tupate nafasi, na watu wakaleta mikeka.

Leo tulikuta mlango umefungwa. Wasiwasi ukatushika. Anziza akasema mgonjwa hafungui. Fundi akasoma dua dirishani, kwa sauti ili imfikie, na sisi tukaitikia amini kutoka barabarani. Baada ya nusu saa mlango ulifunguka. Alikuwa amekumbatia mashine. Ameing'oa ukutani. Akamkabidhi Anziza, akasema ni zawadi kwa mtaa, tuichukue, tucheze huko nyumbani kwetu, kila siku, kadiri tupendavyo.

Ukarimu ulioje! Tukaibeba, tukaitundika sebuleni kwa Anziza. Kisha tukatazamana. Tumemchukulia mtu mashine yake na kumwacha chumbani na ukuta mtupu? Tukarudi wote kumchukua na yeye. Alikuwa amejilaza. Alikuja. Tukamweka mbele kabisa, kwenye kiti kizuri, na Fundi akamwonyesha namna ya kufyatua.

Rachadi hakuwepo. Siku hizi anakaa mtamboni na daftari lake, haongei na mtu. Nilimwonea huruma kwa kweli, nafasi inamponyoka hivi hivi.

Jumamosi, 21 Julai. Moroni.

Uwanjani Ouani askari mzungu, mmoja wa wale mamluki wenye sare nyeusi ambao siku hizi wana majina ya Kiislamu, alizikuta gololi kumi na mbili kwenye soksi yangu. Nilisahau kuzirudisha. Akauliza nakusudia kumpiga nani. Nikamweleza pachinko tangu mwanzo. Hakuelewa, nikalaza kiti, nikamwonyesha. Rubani alikuja kututafuta. Askari akanirudishia kumi na moja, moja kabaki nayo kwa uchunguzi. Nilipogeuka alikuwa anaifyatua mezani kwa kidole gumba, kwa nguvu mno. Ningempa somo la kusikiliza, lakini ndege ilinguruma.

Jumatano, 25 Julai.

Barua ya Bwana Kitaoka imefika. Mkurugenzi kaisoma mbele yetu. Anatusifu sote wawili. Anaomba aachiwe Rachadi, anayefanya kazi vizuri na kwa ukimya. Kwenda Japani anampendekeza Mouigni, ndiye mimi! Tena anauliza kama miezi sita haiwezi kuongezwa ikawa mwaka.

Mwaka! Mkurugenzi kasema katika utumishi wake hajaona mgeni akimwombea mtu muda zaidi. Nililia bila kuona haya. Rachadi kanipa mkono, kwa mara ya kwanza nimeona meno yake. Bi Saandia, nilipomwambia, aliuliza kwanza mwaka una miezi mingapi, kisha akapika biriani.

Ijumaa, 27 Julai.

Baada ya sala, bangweni. Nilikaa mwisho wa benchi kama kawaida. Nilikuwa nimesimulia kisa chote kwa jirani yangu, polepole, kwa sauti ya kufika mbali. Mzee Mmadi, anayekaa katikati, ambaye katika miaka kumi na moja hajawahi kugeuza shingo upande wangu, aligeuka. Akauliza: huko Japani, mtu akicheza mwenyewe namna hiyo, jamaa zake wanakuwa wapi?

Nimeulizwa. Mimi. Nilisema nitakwenda kutazama, na wazee wakaitikia kwa vichwa. Nimetembea mpaka nyumbani kama niliyebebwa.

Jumamosi, 4 Agosti.

Naondoka kesho. Rachadi, aliyekwisha rudi Mutsamudu, alikuja leo kuchukua nguo zake, kaniletea kifurushi kutoka kwa Bwana Kitaoka: chupa ya mafuta ya mlangilangi na karafuu, kwa mama yake. Mama huyo wa Kijapani anakaa mji uleule nitakaosomea. Kuna karatasi ya maelekezo. Mama anaishi peke yake. Nikiache kifurushi mlangoni. Nisigonge. Anapenda utulivu.

Nimeisoma mara tatu. Mama mzima, peke yake, hagongewi mlango, mpaka mwanawe anadhani ndivyo anavyopenda. Jibu la Mzee Mmadi ndilo hilo.

Basi nimekwisha amua. Nitagonga siku ya kwanza. Nitakwenda kila alasiri, mwaka mzima, na sitakwenda mikono mitupu: nimemwandikia mkuu wa masomo kumwuliza darasa letu lina wanafunzi wangapi, na kama wote wanakunywa chai.