Drahomíra na Uyoga Uliopotelea Tumboni mwa Mkubwa

Tegeni masikio, enyi mliokaa viti vya mbele kwa vyeo wala si kwa macho. Nanyi wa nyuma sogeeni, maana habari hii ni yenu. Ni habari ya vita vya msitu wa Křivoklát, nchini kwa Wacheki, vilivyopiganwa adhuhuri moja ya Septemba, na ya shujaa wake Drahomíra Kopřivová, Simba-jike wa Daftari, aliyekaa miaka ishirini na saba kando ya kamera akiandika kikombe kilishikwa kwa mkono upi na kifungo kipi kilikuwa wazi, ili picha ya asubuhi isigombane na ya jioni. Jina lake halikuandikwa mwishoni mwa filamu hata moja. Ya wakubwa waliolala garini yaliandikwa, tena kwa herufi nene.

Siku hiyo binti mfalme wa filamu alipigwa picha akiupigia magoti uyoga mmoja mnene, wenye kofia ya kahawia iliyong'atwa na konokono. Ikabaki picha ya karibu, ya uyoga wenyewe. Pakatangazwa chakula.

Lo, Mcheki na uyoga! Nyumba yake ikiungua atakimbia kuizima, ila kwanza atachungulia chini ya msonobari ule. Jeshi zima la wapiga filamu likatawanyika na visu na vikapu, likarudi limejaa. Aliyerudi mikono mitupu ni Ndugu Vocásek, mkuu wa utengenezaji, bwana wa mihuri, asiyewahi kuona kitu kabla hajaletewa mezani. Kwa aibu akapita mbele ya kamera, akauona uyoga ule, akaung'oa. Mpishi akamkaangia na mayai.

Saa ya kazi ilipofika, Vocásek akapanda juu ya sanduku kama jemadari.

"Bi Drahomíra! Uyoga wa filamu uko wapi? Wewe kazi yako si kukumbuka?"

"Nakumbuka, Ndugu. Saa sita na robo ulikuwa hapa. Saa sita na nusu ulikuwa kwenye sahani yako."

"Unanisingizia?"

"Kidevuni una yai, Ndugu."

"Na aliomba aongezwe!" mpishi akadakia.

"Kimya! Jua likihama hapa pasipo uyoga, mama, kesho uko ghalani unakung'uta mapazia mpaka ustaafu."

Simba-jike alivivamia vikapu, akapima kwa dole gumba, akatupa mwembamba, akatupa mweupe, mpaka akaupata mnene wa kahawia katika kikapu cha Ota, fundi taa.

"Huo hapana, dada! Nampelekea mama mkwe."

"Mwambie umekutana na mkubwa."

Lakini uyoga ulikuwa mzima, haujang'atwa. Jua likabaki upana wa kiganja.

"Tupige simu Praha," Vocásek akatoa amri, "watuletee mtaalamu wa konokono."

Drahomíra akafungua daftari, akasoma: *ukingo wa kushoto, upana wa kucha ya kidole cha mwisho.* Akauinua uyoga mbichi, na udongo wake, akaung'ata mara moja, akatema, akaupanda palepale ulipong'olewa ule wa kwanza.

"Pigeni!"

Wakapiga. Jua likahama. Naye kesho yake alikaa kwenye kiti chake kilekile.

Vocásek alipewa nishani kwa uangalifu wake. Lakini jioni ya Krismasi, filamu ilipoonyeshwa kwenye televisheni, nchi nzima, midomo imejaa samaki wa sikukuu, iliitazama alama ya jino la Drahomíra kwa sekunde nne, na katika mamilioni yale hakuna hata mmoja aliyeshtuka. Ushindi mkubwa kuliko huo Bohemia haijapata kuuona. Na huo pia haikuuona.